Waligombania Yerusalemu, kura ikapigwa juu ya Uasin Gishu

MAKALA MAALUMU

Kabla ya saa mbili asubuhi foleni ya Ardhi House huwa imeshajipinda. Watu hushuka steji ya Community, huvuka Barabara ya Ngong na kuingia First Ngong Avenue, bahasha za kaki kwapani. Ndani ya bahasha mna hatimiliki zilizopauka, barua za chifu na ramani zilizokunjwa hadi mikunjo ikatoboka. Wengine wamesafiri usiku kucha kutoka Eldoret, Kapsabet au Kitale. Ukiwasikiliza, hadithi nyingi zinaanza na babu.

Ukitoka hapo kwa miguu hukawii kufika Barabara ya Bishops. Mkabala na hoteli ya Fairview, nyuma ya ukuta na walinzi wasiopenda mtu asimame bila sababu, upo ubalozi wa Israeli. Wapita njia wa Upper Hill wamezoea: wanakaza mwendo, wanaelekea kwenye maghorofa ya benki na bima.

Kazi za ofisi hizo mbili hazikutani. Lakini liko jambo moja la mwaka 1903 ambalo lingeweza kuwa na faili katika kila mojawapo. Linahusu uwanda wa Uasin Gishu, na namna nchi iliyo mbali sana, inayoitwa takatifu na dini tatu, ilivyoingia katika mashamba ya Bonde la Ufa bila mwenyeji hata mmoja kuulizwa.

Mgeni wa treni

Desemba 1902 Joseph Chamberlain, Waziri wa Makoloni wa Uingereza, alisafiri kwa Reli ya Uganda kutoka Mombasa. Reli ilikuwa imefika ziwani Kisumu mwaka mmoja tu kabla, na ilikuwa imewagharimu walipakodi wa Uingereza zaidi ya pauni milioni 5. Tatizo lilikuwa wazi kwa yeyote mwenye kujua hesabu: hapakuwa na mizigo wala abiria wa kurudisha fedha hizo. Akiwa safarini Chamberlain aliona nyanda za baridi zenye nyasi na maji, akaandika katika shajara yake kwamba hapa pangemfaa Dkt. Herzl.

Theodor Herzl alikuwa mwandishi wa habari wa Vienna. Mwaka 1897, mjini Basel, Uswisi, aliitisha mkutano wa kwanza wa Wazayuni, waliotaka Wayahudi wapate makao yao Palestina. Palestina ilikuwa chini ya dola ya Osmani, na Sultani Abdul Hamid hakuwa na nia ya kuiachia. Herzl akajaribu El Arish, kwenye rasi ya Sinai, lakini mpango ukakwama kwa sababu ya maji ya Nile. Kisha Aprili 1903 kukatokea mauaji ya Kishinev, katika himaya ya Urusi, ambako Wayahudi wapatao 50 waliuawa na mamia kujeruhiwa. Watu walihitaji pa kukimbilia, na walipahitaji upesi.

Tarehe 14 Agosti 1903, Sir Clement Hill wa Wizara ya Mambo ya Nje alituma barua London kwa mjumbe wa Herzl, Leopold Greenberg. Serikali ilikuwa tayari kulifikiria ombi la koloni la Wayahudi katika Himaya ya Afrika Mashariki: eneo kubwa la ardhi, msimamizi Myahudi, na uhuru wa kujiendeshea mambo ya dini na ya nyumbani chini ya mamlaka ya juu ya Uingereza.

Eneo lililofikiriwa lilikuwa la maili mraba 5,000 hivi, sawa na kilomita mraba 13,000. Hiyo ni karibu mara nne ya kaunti ya Uasin Gishu ya leo. Hadi Aprili 1902 sehemu hiyo ilihesabiwa kuwa mkoa wa mashariki wa Uganda, na ndiyo sababu vitabu kote duniani vinauita Mpango wa Uganda. Nimewahi kubishana na Mganda msomi aliyekuwa akiomba radhi kwa niaba ya nchi yake. Nilimwambia ardhi yenyewe iko Kenya.

> *Reli ilihitaji watu wa kuilipia. Wakimbizi walihitaji ardhi. Hesabu ikapatana London, mbali na wenye malisho.*

Basel yapasuka

Siku tisa baada ya barua hiyo, Mkutano wa Sita wa Wazayuni ulifunguliwa Basel. Herzl hakuomba Uasin Gishu ikubaliwe. Aliomba tume itumwe ikaitazame. Kura 295 zikaunga mkono, 178 zikapinga, na wengine wengi wakakaa pembeni.

Waliopinga kwa uchungu zaidi ni Wayahudi wa Urusi, wakiwamo wajumbe wa Kishinev yenyewe, wale waliokuwa na kila sababu ya kukimbilia popote. Walitoka ukumbini. Wapo waliokaa sakafuni kama wafiwa. Kwao hapakuwa na ardhi mbadala ya Sayuni, hata kama ina rutuba na mvua, hata kama Sultani amekataa katakata. Max Nordau, mkono wa kulia wa Herzl, alijaribu kuwatuliza kwa kusema Afrika Mashariki itakuwa malazi ya usiku mmoja tu. Desemba ya mwaka huo kijana mmoja alimfyatulia risasi Nordau mjini Paris, akimwita Mwafrika Mashariki. Nordau alinusurika.

Shuleni hatufundishwi haya. Mtoto wa shule aliyesoma juu ya Koitalel, shujaa wa Wanandi, hajui kwamba mwaka uleule wa 1903 mtu alinusurika kuuawa Ulaya kwa kosa la kutetea mpango juu ya ardhi aliyochungia Koitalel.

Herzl mwenyewe alifunga mkutano kwa kuinua mkono na kutamka kiapo cha zaburi cha kutoisahau Yerusalemu. Alikufa Julai 1904, akiwa na miaka 44.

Nairobi nayo yang'aka

Nairobi ya 1903 ilikuwa mji wa mabati wa miaka minne tu. Walowezi wake walikuwa wachache, ila kelele zao zilifika mbali. Lord Delamere alipeleka telegramu kwa gazeti la *The Times* la London kupinga mpango huo. Ikaundwa kamati ya kupinga uhamiaji wa Wayahudi. *African Standard*, gazeti lililoanzishwa Mombasa mwaka 1902 na A.M. Jeevanjee, lilijiunga na wapinzani.

Hoja yao ilikuwa kwamba ardhi bora isigawiwe wageni maskini. Mwaka huohuo Delamere alikuwa akipewa ekari 100,000 kule Njoro kwa mkataba wa miaka 99. Yeye hakujiona mgeni.

Kamishna Sir Charles Eliot aliona uwanda ule kama mahali patupu. Ni kweli ulikuwa na watu wachache, lakini uchache huo una historia. Kabla ya wote waliishi Wasirikwa, ambao mashimo yao ya mifugo bado yanaonekana mashambani. Wakafuata Wamaasai wa Uasin Gishu, walioupa uwanda jina, hadi vita vya karne ya 19 vikawatawanya. Wanandi wakausogelea kwa malisho. Kisha miaka ya 1890 ikaja na sotoka iliyomaliza ng'ombe na ndui iliyomaliza watu. Eliot alifika nyumba ikiwa imefiwa, akadhani haina mwenyewe.

Watu watatu na hema

Tume ya Wazayuni ilitua Mombasa Januari 1905. Ilikuwa na watu watatu: Meja Alfred St. Hill Gibbons, Mwingereza. Alfred Kaiser, mtafiti wa Uswisi. Na Nahum Wilbusch, mhandisi wa Kiyahudi. Walipanda uwandani na wapagazi, wakatengana, na Wilbusch akapotea kwa siku kadhaa bila chakula cha kutosha.

Walowezi walisimulia kwa miaka mingi kuwa tume ilitishwa kwa makusudi, kwa simba, ndovu na morani waliopangwa njiani. Siiamini sana, ni hadithi inayowapa wasimulizi sifa kubwa mno. Ripoti zenyewe zinatosha. Gibbons aliona uwezekano, lakini wa watu wachache na wa polepole. Wilbusch, aliyeipenda Palestina tangu mwanzo, hakuona cha maana.

Mkutano wa Saba wa Wazayuni, Basel, majira ya kiangazi 1905, uliikataa Afrika Mashariki moja kwa moja. Mwandishi Israel Zangwill alijitenga na kuunda chama chake cha kutafuta ardhi popote duniani. Wengine wote wakabaki na jibu moja tu, Palestina.

Miezi michache baadaye, tarehe 19 Oktoba 1905, Koitalel arap Samoei, orkoiyot, yaani kiongozi wa kiroho, wa Wanandi, alikwenda kwenye mazungumzo ya amani na ofisa kijana wa jeshi la King's African Rifles, Richard Meinertzhagen. Aliuawa hapohapo pamoja na watu wake. Upinzani wa Wanandi wa miaka 11 ukavunjika. Wakasukumwa kwenye hifadhi, na ardhi iliyo karibu na reli ikawatoka.

Meinertzhagen alichunguzwa, akasafishwa, kisha akaondolewa nchini mwaka 1906. Huyuhuyu ndiye aliyetokea tena Palestina katika Vita vya Kwanza vya Dunia, akiwa ofisa wa ujasusi wa Jenerali Allenby. Mwaka 1919 akawa ofisa mkuu wa siasa huko, na mtetezi mkali wa Wazayuni katika jeshi ambalo wengi wake hawakuwapenda. Shajara zake za Kenya zilichapishwa 1957, za Mashariki ya Kati 1959, na watafiti wameonyesha kuwa alizitia chumvi nyingi. Kifo cha Koitalel lakini hakikuwa chumvi. Mwaka 2006 familia ya Meinertzhagen ilirudisha fimbo tatu za orkoiyot huyo, ambazo zilikuwa zimekaa Uingereza kwa karne nzima.

> *Aliyemuua Koitalel Nandi mwaka 1905 ndiye aliyekuwa ofisa mkuu wa siasa Palestina mwaka 1919.*

Mazoezi ya 1917

Wapo wanahistoria wanaoliona tukio hili kama tanbihi. Mpango haukutekelezwa, wanasema, hakuna mji wa Kiyahudi uliojengwa kando ya mto Sosiani, kwa hiyo hakuna cha kusimulia. Mitandaoni, kila vita vinapolipuka Gaza, upande mwingine unatia chumvi kinyume: eti Kenya nusura iwe Israeli.

Sikubaliani na kundi lolote kati ya hayo. Tazama majina. Waziri Mkuu wa Uingereza mwaka 1903 alikuwa Arthur Balfour. Wakili aliyeajiriwa na Wazayuni kuandika rasimu ya hati ya koloni la Afrika Mashariki aliitwa David Lloyd George. Novemba 1917 Lloyd George alikuwa Waziri Mkuu na Balfour Waziri wa Mambo ya Nje, na ndipo likatoka Azimio la Balfour lililoahidi makao ya Wayahudi Palestina. Mwaka 1903 serikali ya Uingereza ilipowaandikia Wazayuni rasmi kama watu wa kujadiliana nao juu ya ardhi, haikuwa juu ya Yerusalemu. Ilikuwa juu ya malisho ya Nandi.

Chaim Weizmann, aliyekuja kuwa rais wa kwanza wa Israeli, ameeleza katika kumbukumbu zake kuwa alikutana na Balfour Manchester mwaka 1906. Balfour alitaka kujua kwa nini Wayahudi waliikataa zawadi. Weizmann akamuuliza kama angekubali kupewa Paris badala ya London. Tangu hapo, kwa maelezo yake, Balfour alielewa. Hivyo Nchi Takatifu iliigusa Afrika Mashariki, na Afrika Mashariki nayo ikairudishia Nchi Takatifu uamuzi wa mwisho. Kilichobaki kwetu ni mazoea ya kugawa ardhi ya wengine.

Mwaka 1908 Jansen van Rensburg aliongoza zaidi ya Makaburu 200 kutoka Afrika Kusini. Walishuka Mombasa, wakapanda treni hadi Nakuru, kisha wakavuta magari ya ng'ombe matopeni hadi uwandani. Uasin Gishu iliyokataliwa na Basel ikakatwa mashamba yenye namba. Shamba namba 64 likawa posta, posta ikawa mji, na mwaka 1912 mji ukaitwa Eldoret. Wazee wangali wanauita Sisibo.

Waliokuja na waliogeuka

Wayahudi wachache walikuja bila kungoja kura. Abraham Block, mzaliwa wa Lithuania, alisikia habari za mpango akiwa Afrika Kusini na kufika 1903. Inasimuliwa kuwa alianza kwa kushona magodoro ya nyasi zilizokatwa vichakani Nairobi. Mwaka 1927 alinunua hoteli ya Norfolk. Sinagogi la kwanza la mji liliwekewa jiwe la msingi 1912. La sasa, karibu na Chuo Kikuu cha Nairobi, ni la miaka ya 1950.

Ng'ambo ya Mlima Elgon kulitokea jambo ambalo Basel isingelitabiri. Semei Kakungulu, jemadari wa Kiganda aliyewatekea Waingereza mashariki ya Uganda, alitarajia kufanywa mfalme huko. Hakufanywa. Akakaa Mbale akisoma Biblia kwa makini, na mwaka 1919 akajitahiri na kuwatahiri wanawe, akatangaza kuwa anaifuata Torati. Alikufa 1928, na jamii aliyoianzisha, Abayudaya, ipo hadi leo. Upande mmoja wa mlima Wayahudi waliikataa ardhi. Upande wa pili Waafrika waliikubali dini, bila kutumwa na yeyote.

Mkenya Bildad Kaggia alikwenda Nchi Takatifu mwenyewe. Akiwa askari wa Uingereza katika Vita vya Pili alipelekwa Mashariki ya Kati, akafika Palestina na kuzuru maeneo matakatifu aliyoyajua kwa mahubiri ya wamishenari. Katika kitabu chake *Roots of Freedom* cha 1975 anaeleza jinsi safari hizo zilivyomtenga na kanisa la Wazungu. Alirudi akaanzisha dhehebu lake, akaingia katika siasa, na Oktoba 1952 akakamatwa pamoja na Kenyatta. Chanzo cha Mau Mau kiko katika ardhi ya hapa, si Yerusalemu, na mtu asinielewe vibaya. Ila mmoja wa Sita wa Kapenguria, viongozi walioshtakiwa pamoja, alijifunza kuwashuku mabwana zake kule walikomwambia mambo yote yalianzia.

Mwaka 1947 Waingereza waliwaleta Gilgil wafungwa wa Irgun na Lehi, Wayahudi waliokuwa wakipigana na utawala wao Palestina. Walifungiwa katika Bonde la Ufa, katika nchi ambayo miaka 42 kabla wazee wao walikataa kupewa bure. Yaakov Meridor alitoroka mapema 1948. Wengine walirudishwa kwao Julai, Israeli ikiwa imeshazaliwa Mei.

Bili inayoletwa Nairobi

Baada ya uhuru nchi ya mbali iliendelea kutuletea bili. Kenya ilivunja uhusiano na Israeli baada ya vita vya Oktoba 1973, pamoja na nchi nyingi za Afrika. Hata hivyo Julai 1976 ndege za makomando wa Israeli waliotoka kuwaokoa mateka Entebbe zilijaza mafuta Embakasi. Mwaka 1978 ndege ya Bruce McKenzie, aliyekuwa waziri na aliyehusishwa na msaada huo, ililipuka karibu na Ngong. Usiku wa Desemba 31, 1980 bomu likalipuka Norfolk, hoteli ya akina Block, na watu wapatao 20 wakafa. Ubalozi wa Israeli haukurudi rasmi hadi uhusiano ulipofufuliwa Desemba 1988.

Halafu Agosti 7, 1998. Osama bin Laden alikuwa ametangaza vita juu ya kuwapo kwa majeshi ya Marekani katika ardhi ya Makka na Madina, na juu ya Yerusalemu. Siku hiyo ilikuwa miaka minane kamili tangu Marekani iamuru majeshi yake kwenda Saudia. Bomu lilipolipuliwa kwenye ubalozi wa Marekani, zaidi ya watu 200 waliuawa katikati ya Nairobi, karibu wote Waafrika. Majeruhi walipandishwa Upper Hill kwa magari ya watu binafsi na matatu, hadi Hospitali ya Kenyatta na Nairobi Hospital zikafurika. Waokoaji kutoka Israeli walikuja kufukua vifusi vya Ufundi House.

Tarehe mbili za sheria

Hapa ndipo wenye bahasha za kaki wanapoingia tena katika habari hii. Katiba ya 2010 iliipa Tume ya Kitaifa ya Ardhi mamlaka ya kuchunguza dhuluma za kihistoria. Sheria iliyorekebishwa mwaka 2016 ikaweka mipaka: dhuluma iliyotendeka kati ya Juni 15, 1895, siku himaya ilipotangazwa, na Agosti 27, 2010. Madai yalipaswa kufikishwa ndani ya miaka mitano, na dirisha hilo likafungwa 2021.

Barua ya Clement Hill imo ndani ya tarehe hizo. Haiwezi kudaiwa, kwa kuwa haikumnyang'anya mtu shamba. Kinachodaiwa ni yaliyoifuata: hifadhi ya Wanandi, mashamba yenye namba, majani ya chai ya Kericho na Nandi. Wenye mashamba ya leo wana hoja yao pia. Wengi walinunua kwa fedha halali baada ya uhuru, kwa mikopo na vyama vya ushirika, kutoka kwa walowezi waliokuwa wakiondoka. Familia ya aina hiyo, Mkikuyu au Mluhya au Mkalenjin, inapoambiwa ardhi yake ina mwenyewe wa kabla, inakumbuka ghasia za baada ya uchaguzi za Januari 2008 na moto wa kanisa la Kiambaa, nje kidogo ya Eldoret. Serikali inayosema itaamua kwa hatimiliki tu, na mwanaharakati anayesema hatimiliki hazina maana, wote wawili wanacheza na kiberiti.

Mwaka 2019 Tume iliwaunga mkono Wakipsigis na ukoo wa Talai katika madai ya Kericho, na kampuni za chai zikaenda mahakamani. Talai ndio ukoo wa Koitalel. Mwanawe, Barsirian arap Manyei, alizuiliwa na Waingereza tangu 1923, na akaachiliwa 1964, Kenya ikiwa tayari huru.

Agosti 2022 wawakilishi wa Talai na Wakipsigis waliipeleka Uingereza katika Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu iliyoko Strasbourg, kilomita kama 130 kutoka Basel ukifuata mto Rhine. Walitaka Uingereza ikiri ilivyowaondoa katika ardhi yao, iombe radhi na kuwalipa fidia.